Kwikwi ya Plazma

Kamati ya Istilahi za Sayansi ilijaa watu ambao taa ikiungua nyumbani kwao humwita fundi aje kubadilisha balbu. Hao ndio waliomwandikia Mama Radi kumjulisha kwamba neno lake halina hadhi.

Barua yenyewe ilikuwa ya heshima, heshima ile ya kumkanyaga mtu baada ya kuvua viatu. Ilisema kitabu kipya cha fizikia cha shule za sekondari kitakuwa na sura nzima kuhusu plazma, na ndani yake utawekwa ugunduzi wake, jambo ambalo kamati inajivunia mno. Kujivunia! Walikuwa wapi na majivuno yao tangu astaafu, anashinda barazani akimwagilia maua? Ila neno "kwikwi", barua iliendelea, lina sura ya mzaha, linakumbusha walevi na walafi, na haliwezi kuwekwa mbele ya wanafunzi. Badala yake kamati inapendekeza "mpwitompwito-rejeshi wa kiplazma". Mgunduzi anakaribishwa kikaoni kutoa maoni yake. Chai itakuwepo.

Mama Radi aliisoma kwa sauti mezani, na alipofika kwenye mpwitompwito akaweka kikombe chini.

"Hili neno mtoto akilitamka mara mbili anang'oka jino," alisema.

Binti yake, kitinda mimba wake, alikuwa mfamasia, na kwa kazi yake alikuwa amezoea kusoma maandishi madogo ya chini. "Lakini mama, angalia hapa mwisho. Wanasema ukipenda wataliita kwa jina lako. Mpwitompwito wa..."

"Ishia hapo hapo."

"Watu wanakililia kitu kama hicho, mama."

"Watu wanalilia mengi. Jina langu linaeleza nini? Mtoto akilisikia atajua kinachotokea ndani ya neli? Akisikia kwikwi, ameshaelewa nusu ya somo kabla mwalimu hajafungua mdomo."

Hiyo ilikuwa sababu ya kweli, lakini haikuwa sababu yote. Nyingine ilikuwa chungu zaidi, na binti aliijua tangu akiwa mdogo, maana katika nyumba ile hakuna mtoto aliyewahi kushikwa na kwikwi bila kusimuliwa habari za yule mzee wa kizibao.

Tuanze na plazma, kwa sababu ukoo mzima wa Mama Radi ulikufa na kuzikwa bila kuielewa, na waliobaki hawana dalili. Chukua gesi kidogo, ifungie ndani ya neli ya kioo, ipitishie umeme mkali. Inafika mahali chembe zake zinapasuka, vipande vyake vinaachana na kukimbizana, na kile kilichokuwa gesi kinaanza kung'aa. Hapo si gesi tena, ni kitu kingine. Jua lote ni plazma. Radi ni plazma. Hata ile taa ndefu nyeupe ya dukani ina plazma ndani, inamulika mwenye duka anavyopunja wateja. Mama Radi alikuwa mtu wa kwanza nchini kwake kuitengeneza kwa makusudi, kuibana na kuipima, na kwa kazi hiyo alipata jina lake la utani na dharau za kumtosha.

Alijaribu kuwaeleza ndugu. Shemeji yake akambebea televisheni iliyopasuka kioo, akaiweka sebuleni na kusema, "Si wewe ndiye wa plazma? Hii nayo ni plazma, nimeambiwa na fundi." Shangazi yake alipolazwa akawaambia wauguzi wasihangaike kutafuta damu, kuna mwanawe profesa anatengeneza plazma, watume mtu tu. Baada ya hapo Mama Radi aliwakatia tamaa wote kwa mkupuo. Akiulizwa kwenye harusi anafanya kazi gani alisema ni mwalimu, watu wakasema "Oo, vizuri," wakarudi kwenye sahani zao.

Maabara yake ya kwanza ilikuwa stoo ya viti vibovu. Idara ya fizikia ilimpa stoo hiyo kwa sababu kumnyima kabisa kungehitaji mtu wa kuandika barua. Neli ya kioo aliitengenezesha kwa mafundi wa taa za matangazo. Koili za sumaku alizisokota mwenyewe, kwa waya wa shaba uliotolewa kwenye mota zilizoungua, mpaka vidole vikafanya malengelenge. Pampu ya kunyonya hewa ilikuwa ya msaada kutoka nje, na kama ilivyo kwa misaada mingi, ilifika ikiwa mgonjwa: ilitapika mafuta, ilinguruma, na mara mbili ilimpiga shoti. Wanaume wa idara walikuwa wakichungulia mlangoni kumuuliza kama ana majani ya chai.

Siku neli ilipowaka, mwanga wa zambarau ulijaa stoo nzima, ukapaka kuta na miguu ya vile viti vibovu. Alikaa chini sakafuni akalia kwa furaha. Alikuwa peke yake, kwa hiyo hakuna mtu wa kumharibia.

Lakini kila alipozidisha nguvu ya sumaku, mwanga ulifanya kituko. Ulijikusanya, ukashtuka, ukaruka, ukatulia. Kisha tena. Hakujua ni nini, na kwa ujinga wa ujana akadhani wakubwa wake watajua.

Mkuu wa idara alikuwa profesa ambaye wanafunzi walimwita Kizibao, kwa sababu alivaa kizibao cha sufu hata lami ya barabarani ikiwa inayeyuka. Kizibao hakuwahi kugundua kitu maishani mwake zaidi ya mahali pazuri pa kukaa wakati wa kupiga picha. Mama Radi aliwaita walimu wote, akawasha neli mbele yao, akazidisha sumaku. Mwanga ukaruka. Kizibao akaegemea ukuta, akatazama mara mbili, akasema:

"Binti, mashine yako ina kwikwi. Inyweshe maji."

Stoo nzima ikaangua kicheko. Mhadhiri mmoja alicheka mpaka ikabidi atoke nje akashike ukuta. Kizibao mwenyewe alipomaliza kufuta machozi alisema huo ni umeme mbovu, binti aende akautengeneze ndipo arudi kuwapotezea watu muda.

Alikwenda akautengeneza. Alibadilisha nyaya, akabadilisha pampu, akabadilisha neli yenyewe, akabadilisha mpaka chumba. Kwikwi ikabaki pale pale. Ilimchukua miaka kukubali lile ambalo macho yake yalimwambia siku ya kwanza, kwamba mashine haina kosa. Ni plazma yenyewe. Ukiibana kwa sumaku inajaa, inajaa, inafika mahali haivumilii tena, inatema joto kidogo ukutani, inatulia, halafu inaanza upya. Akakokotoa inatema lini, na kiasi gani, na kwa nini. Hakuna aliyewahi kulifanya hilo kabla yake, si nyumbani wala ng'ambo.

Alipokuwa anaandika makala kwa jarida la nje, akafika mahali pa kukipa kitu kile jina. Angeweza kutafuta neno la Kigiriki kama wenzake. Akaandika "kwikwi", hivyo hivyo, bila tafsiri, kwa inda tupu. Leo kuna mitambo ng'ambo yenye ukubwa wa jengo, inayojaribu kuwasha kijua kidogo ndani ya chuma, na wahandisi wake wanakosa usingizi kwa sababu ya kwikwi zinazotafuna kuta. Wanaitamka vibaya, kama sauti ya kifaranga, lakini ndiyo ile ile.

Basi neno lile lilikuwa shahidi wake. Kila lilipotamkwa, Mama Radi alisikia nyuma yake kicheko cha stoo nzima, na alijua nani alikuwa mjinga siku ile. Likifutwa kitabuni, kicheko nacho kitafutwa, na Kizibao ataingia kaburini akiwa msafi kama sahani. Na mwenyekiti wa Kamati ya Istilahi za Sayansi alikuwa nani? Kizibao. Mzee wa mkongojo sasa, masikio mazito, kizibao kile kile au mdogo wake. Mama Radi hakuhitaji kokotoo lolote kuelewa mzee anaficha nini.

Siku ya kikao binti alimpeleka kwa gari.

"Utawaambia nini, mama?"

"Ukweli. Nitawaambia neno hili lilitoka kinywani mwa nani. Nitamsifu. Nitamsifu mpaka atafute meza ya kuingia chini yake."

"Si ungesema tu kwamba hukubali?"

"Sikubali ni maneno ya mtoto anayekataa dawa. Mimi nataka yeye mwenyewe aone haya, mbele ya watu, kama nilivyoona mimi."

Binti akabadilisha gia. Alimpenda mama yake, na alijua kwamba mama yake akishapanga jambo ni kazi bure kumpangua.

Ukumbi wa kamati ulikuwa mdogo na kila mtu alikuwa na kipaza sauti chake, hivyo walisikika mara mbili, mara ya kwanza kwa midomo na mara ya pili kwa kelele. Pazia zito, maua ya plastiki yenye vumbi, chupa za maji zilizopangwa kama gwaride. Kizibao alikuwa kichwani mwa meza. Alipomwona alinyoosha mikono yote miwili.

"Binti yangu! Karibu, karibu. Hujazeeka hata kidogo."

Mama Radi, mwenye wajukuu na magoti mabovu, alimpa mkono kama anayempa risiti, akaketi. Binti akakaa kwenye viti vya nyuma, vya wageni.

Katibu alikuwa kijana mtaalamu wa lugha, suti imembana, mtu aliyependa maneno marefu jinsi wengine wanavyopenda magari marefu. Alieleza mpwito, akaeleza kwa nini umerudufishwa, akaeleza rejeshi. Ilikuwa kama kumtazama mtu anayekunja shuka ndani ya kabati. "Isitoshe," alisema, "kwikwi si ya shibe tu. Mtu hulia pia kwa kwikwi. Mwanafunzi atajiuliza, plazma imeshiba au inalia?"

Wakacheka. Mama Radi aliwatazama mmoja mmoja kwa zamu. Hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuiona. Wangewekewa neli mezani wangeitundikia kofia.

"Mama, sakafu ni yako," mmoja alimwambia kwa Kiswahili cha ofisini, na Mama Radi akasimama huku akijiuliza sakafu ataifanyia nini.

Hakuwa na karatasi. Alikuwa ameisema hotuba ile moyoni kwa miaka mingi kiasi kwamba ilikuwa laini ulimini.

"Ndugu wajumbe," alianza, kwa upole ambao wanafunzi wake wangeujua na kutafuta mlango. "Mnanishutumu kwa neno ambalo si langu. Mimi sina kipaji hicho. Siku nilipowasha neli yangu mbele ya idara, mwanga ulipoanza kuruka, sikujua niseme nini. Aliyejua alikuwa mwenyekiti wenu. Alitazama mara mbili tu, akasema, kwa kinywa chake, hii ina kwikwi. Mimi niliandika alichosema. Kama neno halina hadhi, muulizeni yeye."

Hapo akanyamaza. Alikuwa amebakiza "inyweshe maji", alikuwa amebakiza kicheko, yule mhadhiri aliyeshika ukuta, umeme mbovu, yote. Aliyabakiza kwa raha, kama mtu anayemaliza mboga zote kwanza ili nyama ibaki ya mwisho. Alitaka kuuona uso wa Kizibao ukianza kuiva kabla hajamalizia.

Katibu akapiga makofi.

"Mwenyekiti!" alisema, amesimama kabisa. "Kumbe ni wewe! Na unyenyekevu wako wote huu umekaa kimya?"

Makofi yakaenea meza nzima. Mama Radi alinyanyua mkono kuwatuliza, wakadhani naye anashangilia. Mjumbe mmoja aliyekuwa ameliita neno lile la vilabuni dakika chache nyuma sasa aliona ni fupi, lina mdundo, linashika. Mwingine akasema ndivyo wahenga walivyounda maneno, kwa kutazama. Mpwitompwito ulikufa pale pale mezani na hakuna aliyeuliza habari zake, hata aliyeuzaa.

Kizibao alisimama kwa shida, akaegemea mkongojo. Macho yalikuwa yamelowa.

"Nakumbuka," alisema. "Chumba kilikuwa kidogo, kina viti. Rangi ya zambarau, nzuri sana. Mara ile taa ikaruka, nami nikaiona papo hapo. Nikamwambia, binti, hiyo ni kwikwi. Nikamwambia nenda kaishughulikie. Naye, mnaona, alikwenda akaishughulikia. Mwanafunzi mtiifu sana."

"Ulisema inyweshe maji!" Mama Radi alipaza sauti. "Ulicheka! Mlicheka wote!"

"Tulicheka sana," alisema Kizibao, na uso wake ukachanua. "Tulicheka mpaka machozi. Ah, sayansi ya zamani ilikuwa na furaha."

Ukumbi mzima ukacheka pamoja naye, kwa upendo.

"Aliniambia ni umeme mbovu," Mama Radi alisema, lakini kipaza sauti chake kilikuwa kimezimwa kwa sababu zamu yake ilikwisha, na katibu alikuwa tayari anasoma sentensi aliyoitunga kwa ajili ya kitabu. Kwikwi ya plazma, iliyotambuliwa na kupewa jina na profesa, na kuchunguzwa zaidi na mwanafunzi wake.

Huko nyuma binti aliruka kutoka kwenye kiti chake. "Jamani, subirini! Mama ndiye aliyegundua. Huyo alimcheka tu!"

Katibu alimtazama kwa subira ya mtu mwenye ushahidi. "Dada yangu, sote tumemsikia mama mwenyewe akisema. Alisema yeye hakujua. Aliyejua ni mwenyekiti."

Na ndivyo alivyosema. Mama Radi alikaa. Alimgeukia Kizibao kumtafuta mwongo, maana mwongo angemfaa, mwongo angeweza kupambana naye mpaka jioni. Alimchunguza kama alivyozoea kuichunguza neli, bila haraka, akitafuta ufa. Hakuuona. Mzee alikuwa anasema anachokumbuka. Hakuwa ameficha chochote, wala hakutaka neno lifutwe kwa aibu. Pengine hata barua hakuisoma kabla ya kuitia sahihi. Yale maneno yaliyomkosesha usingizi mwanamke mzima, yakamsokotesha koili upya mpaka vidole vikatoka damu, yalimtoka mzee yule kama inavyomtoka mtu chafya, na alipotoka stoo ile alikwenda zake kula. Miaka yote hiyo Mama Radi alikuwa anagombana na mtu asiyejua kuna ugomvi.

Alijidharau sana wakati ule, kuliko alivyowahi kumdharau yeyote katika ukumbi ule.

Chai ikaletwa. Wajumbe wakajazana kwenye meza ya vitafunio kwa kasi ambayo hawakuionyesha kazini. Binti alikuwa anakuja, amekunja uso, ameshika mikoba ya wote wawili. Lakini Kizibao alifika kwanza. Alijisogeza kwenye kiti cha jirani, akauweka mkongojo katikati ya magoti, akainama sikioni mwa Mama Radi ili wengine wasisikie.

"Binti," alinong'ona, "nieleze mimi. Ile taa, ilikuwa inaruka kwa nini?"

Mama Radi alimtazama. Mzee alikuwa anauliza kwa dhati. Hajawahi kuisoma ile makala, hata ukurasa mmoja, na sasa wameshamwandika kitabuni.

Matusi yalimjaa mdomoni, mazuri, ya kiwango cha juu. Na kabla hajachagua la kuanzia, kitu kingine kilimgonga kifuani, kwamba swali lile hakuwahi kuulizwa. Si na shemeji, si na shangazi, si na marehemu mume wake, Mungu amrehemu, si na binti huyu mwenye akili zake aliyesimama sasa mbele yao. Wageni wa ng'ambo waliuliza namna ya kuizuia. Watu wa nyumbani waliuliza habari za televisheni.

"Mama, twende," binti alisema. "Twende tu, tutawaandikia."

"Ngoja kidogo."

"Mama!"

"Nimesema ngoja."

Alivuta chupa ya maji, akaiweka kati yake na mzee, akaizungushia viganja vyote viwili. "Tuseme hii ndiyo neli," alisema. "Na mikono yangu ni sumaku. Inaibana, unaona? Kwa nje imetulia. Lakini ndani joto halina pa kwenda." Kizibao alisogeza sikio zuri. Mama Radi alikuwa anamchukia vile vile kama asubuhi, na alijua kwamba sasa anampa kwa mkono wake kile kidogo kilichokuwa kimebaki chake, maelezo yenyewe. Akaendelea kueleza, polepole, asiruke hatua yoyote, na mzee alipokosa kuelewa mahali, alirudia.